Mtoto Mpole

Siku ya tatu walimsifu.
"Mpole huyu," walisema, wakikung'uta vumbi mlangoni,
"hasumbui. Wa kwangu alinikesha arobaini nzima."
Nami nikapokea sifa kama mtu apokeavyo kitenge kipya:
nikaikunjua, nikajifunga.

Hombolo, mwezi wa saba. Upepo na baridi yake
unapenya hadi chini ya blanketi.
Mizabibu ina vichala vibichi,
na baba yake analala shambani kwa watu,
anapiga dawa kwa malipo ya siku.

Alinyonya asubuhi, au nilidhani.
Adhuhuri nilimwekea titi mdomoni, likakaa tu,
maziwa yakamchuruzika shavuni hadi sikioni.
Nikasema: ameshiba.
Alasiri nikasema: amechoka.
Magharibi sikusema kitu. Nilikuwa nimeishiwa maneno mazuri.

Ndipo akaingia Sakalani, mtoto wa shemeji,
miaka kumi na miwili, kandambili za rangi mbili,
ananuka zizi.
Alileta nusu lita ya maziwa kwenye chupa ya soda,
akataka kumwona mdogo wake.
Alinawa kwenye ndoo bila kuambiwa,
akamgusa mdomo kwa kidole cha mwisho,
akangoja.

Alingoja kama wangojavyo watu wanaojua wanachongoja.

"Mama mdogo, havuti."
Nikamwambia amelala.
"Ndama akilala bado anavuta.
Asiyevuta, baba hasemi tutamtazama kesho.
Tunawasha tochi usiku uleule."

Nilikasirika, sitaficha.
Nilitaka kumwambia: mwanangu si ndama.
Lakini mkono ukanitangulia, ukafungua kanga,
na mwanga wa simu ukaonyesha
nilichokuwa nimekifunika kwa sweta mbili na blanketi:
ngozi chini ya mbavu inazama, inazama,
kila pumzi kama mtu anayevuta ndoo kisima kirefu,
pua inatanuka,
na ile sauti ndogo, nh, nh,
niliyokuwa nimeiita ndoto.
Nyayo zake baridi. Tumbo linachoma.

Hatukungoja baba. Hatukungoja jogoo.
Pikipiki ya Lemanya haikuwa na taa ya mbele.
Sakalani akakaa nyuma, akamulika njia juu ya bega langu,
mtoto ngozi kwa ngozi ndani ya gauni,
nami nahesabu pumzi, napotezewa hesabu na makorongo,
naanza upya.

Muuguzi Melea hakunigombeza.
Alitazama saa yake dakika nzima, midomo ikicheza.
"Sabini na nne,"
akasema, akamwita mwenzake bila kugeuka.
Halafu: "Mara ya mwisho kunyonya sawasawa ilikuwa lini?"
Sikujua.
Hilo ndilo jibu nililompa,
naye akaliandika.

Sindano ya kwanza, hakulia.
Ya pili, mchana wake, hakulia.
Ya usiku wa pili alikunja uso,
akavuta hewa kana kwamba amekumbuka tusi la zamani,
akalia,
akalia mpaka mama wa kitanda cha jirani akajifunika mto.
Nikamwomba radhi huku nacheka,
na machozi yananiingia mdomoni.

Sasa tupo nyumbani. Ananikesha.
Wapitao wanasikia, wananipa pole: una kazi, mwana msumbufu.
Ahsante, nasema. Ahsanteni sana.
Na kabla ya titi natanguliza kidole,
kila mara, hata mbele ya wageni,
hata wakinicheka.
Nangoja.
Anavuta mpaka kucha inauma.